Sarafu ya dola ya angani: mpokeaji ataiaminije akiwa mbali na walioitoa?

WakalaWaStendi (Bagamoyo)

Wakuu, habari za jioni. Naandika riwaya ya sayansi ya kubuni kwa Kiswahili, na nimefika mahali ambapo siwezi kusonga bila kusikia mawazo ya watu wengine. Jambo lenyewe ni sarafu.

Dola yangu inaitwa Kilimia. Watu wake asili yao ni pwani hii yetu, wakahamia kwenye zile nyota za kilimia ambazo wazee walizitazama kujua msimu wa kulima. Kutoka hapa hadi kule ni kama miaka 440 ya mwendo wa nuru, ila hilo halinisumbui kwa sababu hadithi yote inatokea huko huko. Wana bandari saba, kila bandari na nyota yake, na katikati wanapita majahazi ya mizigo. Nahodha anaondoka bandari ya kwanza kijana, anafika ya tatu ana mvi.

Najua mtaniuliza kwa nini watu wa namna hiyo wahangaike na sarafu. Mimi ni wakala wa pesa za simu hapa stendi. Kazi yangu, ukiitazama vizuri, ni kungoja jibu. Mteja anataka kutoa elfu ishirini, ombi linakwenda kwenye mitambo, jibu linarudi, ndipo nahesabu noti. Jibu lisiporudi sina cha kumpa, hata kama namfahamu tangu utotoni na salio lake analo. Siku mtandao ukikata, stendi yote inabadilika: kondakta anataka mkononi, muuza machungwa anataka mkononi, na mwenye laki mbili kwenye simu anakosa nauli ya kufika Mapinga. Sasa chukueni nyota mbili zilizoachana miaka minne ya nuru. Nikiuliza salio leo, swali linafika baada ya miaka minne, jibu linanirudia baada ya minne mingine. Hapo hakuna biashara. Lazima kuwe na kitu cha kushika ambacho kinajitolea ushahidi chenyewe, bila kupiga simu nyumbani.

Humo ndimo ulimo moyo wa riwaya yangu. Mtu anapokea malipo kutoka kwa mgeni ambaye hatamwona tena maishani, na serikali iliyoyatoa malipo hayo huenda imeshaanguka wakati jahazi likiwa njiani.

Kwenye droo yangu nina sarafu za mia mbili ambazo wale simba wawili wamelika mpaka huoni tena macho wala manyoya, na upande wa pili Mzee Karume amebaki umbo la kichwa tu. Nazipokea bila kuzitazama mara mbili. Kwa nini? Kwa sababu Benki Kuu ipo, nchi ipo, na ninayempa chenji anajua hivyo kama ninavyojua mimi. Ondoa hayo yote, kile kichuma kina thamani gani? Hata hizi za mia tano za mwaka 2014 zililetwa kwa sababu noti yake ilikuwa inapita mikono mingi na kuchakaa upesi, basi chuma kikachukua nafasi ya karatasi. Lakini imani inayoibeba ni ile ile. Kilimia hawana imani hiyo ya kugawana, na ndiyo maana sarafu yao inanitesa.

Nimeshapita pia pale Caravan Serai kusoma habari za misafara. Walioondoka Bagamoyo kwenda bara walibeba vitambaa vya merikani na kaniki, shanga, na waya wa shaba, vyote vikiwa ndivyo pesa ya njiani. Shanga zinazogombaniwa mahali pamoja zilikataliwa safari ya siku kadhaa mbele, na mwenye msafara akabaki na mzigo usionunua hata kuku. Nahodha wangu naye anaweza kupatwa na hilo hilo.

Kwa sasa nina sarafu tatu: uduvi, kibua na nguru. Uduvi mia ni kibua kimoja, vibua mia ni nguru mmoja. Nguru ni ya dhahabu, ina kichwa cha Mtawala na mwaka wa utawala wake. Sipendezwi nayo, kila nikiisoma naona pesa ya duniani iliyovishwa nguo za angani. Nisaidieni: iwe ya madini gani, ichorwe nini, na igawanywe vipi?

Kijana_Chumbageni (Tanga)

Mtoa mada heshima yako, mada tamu sana. Ila mimi bado naona sarafu ni kurudi nyuma. Kila jahazi libebe daftari lake la kidijitali lililofungwa kwa hesabu za siri. Likitia nanga, daftari lake linalinganishwa na la bandari, kila mtu analipwa chake. Hakuna haja ya kungoja jibu.

WakalaWaStendi (Bagamoyo)

Asante kaka. Nimelifikiria hilo kabla ya kuandika. Nahodha ana kibua kimoja kwenye daftari. Ananakili daftari, nakala moja inapanda jahazi la kwenda nyota ya kulia, nyingine la kushoto. Kibua kimoja kinanunua mzigo bandari mbili, na madaftari yatakuja kukutana na kugombana wakati walioibiwa wameshazikwa. Kuzuia hilo lazima bandari zote zikubaliane papo kwa papo, na nuru haina papo kwa papo ya umbali huo. Kipande cha chuma hakiwezi kuwa mifukoni miwili. Hiyo ndiyo nguvu yake pekee, nami naitaka.

Kijana_Chumbageni (Tanga)

Hapo umenishika. Basi nikuongezee moja: tayari kuna sarafu kwenye Mirihi. Kile chombo Curiosity kilichotua Agosti 2012 kimebeba senti moja ya Marekani ya mwaka 1909, imebandikwa kwenye kibao cha kupimia kamera. Wanajiolojia wamezoea kuweka sarafu kando ya jiwe wakipiga picha ili ukubwa wa jiwe ujulikane. Picha zake zinaonyesha vumbi jekundu limeshaikalia.

Ticha_Fizikia (Bagamoyo)

Dada, hongera kwa kazi. Naanza na dhahabu, ambayo nakushauri uiache.

Sababu ya kwanza ni ya sokoni. Hapa kwetu dhahabu ni adimu kwa sababu sehemu kubwa ilizama kitovuni mwa dunia wakati dunia ikiwa bado uji wa moto. Dola inayochimba mawe ya angani haina shida hiyo. Mawe mengine yaonekana kuwa na chuma kingi sana. Oktoba 2023 Marekani ilirusha chombo kwenda kwenye moja linaloitwa Psyche, kati ya Mirihi na Mshtarii, na kinategemewa kufika 2029. Mtu akivuta jiwe zuri hadi bandarini, bei ya madini inaanguka siku hiyo hiyo, na nguru zako zote zinageuka vifungo vya shati.

Sababu ya pili ni ya maabara, na hii nadhani utaipenda. Metali mbili safi zikigusana kwa kubanwa mahali pasipo na hewa, zinaweza kuungana bila moto. Duniani hazifanyi hivyo kwa kuwa hewa inazivisha ngozi nyembamba ya oksidi inayozitenga. Dhahabu haivai ngozi hiyo, tena ni laini. Mfuko wa sarafu za dhahabu safi ukibanwa nje ya jahazi, usishangae zikatoka zimeshikana donge. Si hadithi tu: mwaka 1991 antena kubwa ya chombo Galileo, kikiwa safarini kwenda Mshtarii, iligoma kufunguka, na maelezo yanayokubalika zaidi ni kwamba kilainishi kiliisha na baadhi ya pini zikang'ang'ania mahali pake.

Sasa pendekezo langu. Tumia chuma cha kimondo. Umewahi kufika Mbozi, mkoani Songwe? Kile kimondo ni tani zipatazo 16, karibu asilimia 90 ni chuma na asilimia 8 na kitu ni nikeli. Vimondo vingi vya chuma vina jambo moja la ajabu. Vilikuwa ndani ya matumbo ya sayari ndogo zilizopoa polepole mno, kwa mamilioni ya miaka, na katika kupoa huko nikeli na chuma vikajipanga kwa fuwele ndefu. Ukikata kipande, ukakisugua kikang'aa, kisha ukakipaka asidi ya nitriki iliyochanganywa na spiriti, mistari inajitokeza mbele ya macho yako: mikanda iliyopishana kwa pembe, kama ukili uliosukwa na fundi asiyechoka. Inaitwa michoro ya Widmanstätten. Hakuna tanuru linaloweza kuighushi, kwa sababu hakuna mghushi mwenye miaka milioni ya kungoja chuma kipoe. Na hakuna vipande viwili kutoka vimondo tofauti vinavyofanana sawasawa.

Ushahidi ulioutaka huo hapo, ndani ya chuma chenyewe. Ila zingatia: ukikiyeyusha, mistari inapotea na hairudi. Sarafu yako haitapigwa kwa muhuri wa moto, itakatwa kipande kipande na kuchongwa taratibu.

Kuhusu kupima uzito, mizani haifanyi kazi mahali watu wanaelea. Kwenye kituo cha anga cha kimataifa wanaanga hupimwa kwa springi: unavutwa au unatikiswa, mashine inaangalia mwili unavyoitikia, mzito huenda polepole. Mpe mfanyabiashara wako kijiti cha springi cha ukubwa wa kalamu. Atabana sarafu, atakigusa kwa kidole, atahesabu mitikisiko.

Mzee wa Ngamiani (Tanga)

Mwanangu wa Bagamoyo, nimekusoma mpaka mwisho. Mimi nakusanya pesa za zamani na nitakupa nilichonacho.

Kichwa cha Mtawala na mwaka, ondoa. Tazama riale ya Maria Theresa, malkia wa Austria, iliyopita sana kwenye pwani hii. Mama yule alifariki Novemba 1780, na sarafu ikaendelea kupigwa baada yake kwa vizazi na vizazi ikiwa na mwaka ule ule, 1780, na uso ule ule. Wafanyabiashara wa Bahari ya Shamu na Uhabeshi waliikagua vito vya bruchi begani na lulu za taji; kasoro kidogo, wanairudisha. Ilikubalika kwa sababu haikubadilika. Mtawala anayeweka uso wake mpya kila akikalia kiti anawalazimisha watu wa mbali wajifunze kumwamini upya, na kwa umbali wako habari ya kutawazwa kwake itafika pamoja na ya mazishi.

Ukitaka ya kwetu zaidi, nenda Kilwa. Masultani wa Kilwa walipiga sarafu za shaba, na maarufu ni zile zenye jina la Ali bin al-Hasan. Hazina mwaka wala hazitaji thamani. Zina maneno ya Kiarabu yenye vina: upande mmoja unasema anamtegemea Mola mwenye neema, upande wa pili unajibu kwa jina lake, na pande mbili zinamalizikia kwa sauti moja. Mwenye kujua atakuwa amesikia upande wa pili kabla ya kuigeuza. Sarafu kadhaa za Kilwa ziliokotwa mwaka 1944 kwenye visiwa vya Wessel, kaskazini ya Australia. Hakuna aliyeongozana nazo kueleza Kilwa ni wapi, na bado zilisomeka.

Kuhusu kugawanya, mia si rafiki wa soko. Pesa za Kampuni ya Kijerumani, zile za shaba za kuanzia 1890, zilikwenda 64 kwa rupia moja mpaka 1904, ndipo wakaweka heller mia. Chukua 64 ugawe nusu: 32, 16, 8, 4, 2, 1. Hujapata sehemu iliyovunjika hata mara moja, na asiyejua hesabu anaweza kugawa kwa macho. Mia unaigawa mara mbili, ya tatu umekwama kwenye kumi na mbili na nusu.

La mwisho, ukilitaka kwa ajili ya hadithi. Vita vya kwanza vilipofunga bahari, Wajerumani hawakuweza tena kuletewa sarafu kutoka kwao. Mwaka 1916 wakapiga wenyewe katika karakana ya reli ya Tabora: heller 20 za shaba, na rupia 15 za dhahabu ya Sekenke zenye tembo mbele ya mlima. Tabora ikaangukia mikononi mwa Wabelgiji Septemba mwaka huo huo. Dola ilikuwa inakatika pumzi na bado ilichora tembo mzuri vile, kila mkunjo wa ngozi unaonekana. Bandari yako mojawapo ikitengwa na nyingine, usiiache ikae bila sarafu. Iache ipige yake, tuone nani ataikubali.

Mama Vitumbua Dunda (Bagamoyo)

Mimi sijui nyota, najua chenji. Mmeongea yote ila hamjasema zitakaa wapi. Ticha amesema watu wanaelea. Basi na sarafu zinaelea! Ukifungua droo zimetawanyika hadi darini. Zitobolewe katikati. Senti za zamani za Afrika Mashariki, ya moja, ya tano na ya kumi, zilikuwa na tundu. Marehemu bibi yangu alikuwa nazo kwenye uzi, anafunga kiunoni ndani ya kanga, akitaka kulipa anafungua fundo, anachomoa, anafunga. Hata gizani alizihesabu kwa vidole. Watu wako wafanye hivyo.

Na hicho chuma cha kimondo kinashika kutu au hakishiki? Maana hapa kwetu hata msumari wa mlango hauchukui masika mawili.

Ticha_Fizikia (Bagamoyo)

Kinashika, mama, tena vibaya, hasa kikipata chumvi. Ndani ya jahazi lenye hewa kavu kitakaa. Bandari yenye bahari na jasho la mikono itakila. Wanaotunza vipande vya vimondo huvikausha na kuvipaka mafuta au nta.

WakalaWaStendi (Bagamoyo)

Mzee wangu wa Ngamiani, shikamoo. Mama, Ticha, kaka wa Chumbageni, asanteni sana. Nimekaa na daftari tangu nifunge kibanda, na nataka niwaonyeshe ilipofika.

Nguru sasa ni kipande cha kimondo, upana wa kisoda, kimetobolewa katikati. Kimondo ni kimoja tu, kinaelea kwenye bandari ya kwanza, na nguru zote zinakatwa humo. Kwa hiyo mistari ya kila nguru inaendelea kwenye ile iliyokatwa jirani nayo. Mjuzi akipewa mbili zilizofuatana ataona mikanda inavyopita kutoka moja kwenda nyingine. Na kimondo kikiisha, nguru zimekwisha, hakuna Mtawala atakayeziongeza kwa tamaa. Vibua 64 ni nguru, uduvi 64 ni kibua. Vibua na uduvi vitakuwa vya metali ya kawaida na vitatumika ndani ya bandari moja tu, kwa kuwa humo jibu linarudi na watu wanafahamiana. Nguru ndiyo inayovuka.

Kutu sitaifukuza, nimeiona ni mali. Wakilimia wote watakuwa wanapaka nguru zao mafuta, na mfanyabiashara anayeaminika utamjua kwa vidole vyenye mafuta na uzi uliobadilika rangi. Nguru yenye kutu inakubalika kwa mapatano, kwa sababu mwenyewe alikosa adabu nayo. Sura nzima nimeiandika usiku huu, mama mjane anafungua uzi wa marehemu mumewe mbele ya karani wa bandari, na karani anazinusa kwanza kabla ya kuzipima.

Bandari iliyotengwa nayo imeingia. Mzee, nimewapa karakana ya kukarabati majahazi, wanapiga sarafu ya shaba yenye ndovu ambaye hakuna hata mmoja wao aliyepata kumwona. Wanamchora kwa masimulizi.

Hakuna uso, hakuna mwaka. Nimeandika vina, nusu kila upande, kama vya Kilwa:

*Wa mbali nipokeeni*
*Thamani yangu i mwilini*

Naombeni mnikosoe. Na Ticha, herufi hizo nizichonge wapi zisiharibu mistari?

Ticha_Fizikia (Bagamoyo)

Ziweke ukingoni na kuzunguka tundu, kwenye mzunguko mwembamba uliosuguliwa ukabaki mweupe. Sehemu ya katikati yote iachie asidi. Mtu aone mistari kwanza, asome baadaye.

Mzee wa Ngamiani (Tanga)

Marahaba mwanangu. Mshororo wa kwanza una mizani nane, wa pili una tisa. Toa hiyo "i", msomaji ataijaza mwenyewe:

*Wa mbali nipokeeni*
*Thamani yangu mwilini*

Nane kwa nane. Na ile sura ya mjane iweke hapa tuisome, usitungoje mpaka kitabu kitoke.